Wingi wa wasemaji si utajiri: Kireno kina funzo kwa Kiswahili

Kila ifikapo Julai 7, Siku ya Kiswahili Duniani, hoja moja huzunguka kutoka jukwaa hadi jukwaa: Kiswahili kina wasemaji zaidi ya milioni 200, kwa hivyo ni lugha ya uchumi. Idadi hiyo ndiyo inayotajwa na UNESCO, nami sina ugomvi nayo. Ugomvi wangu ni na hilo 'kwa hivyo'. Watu wengi kusema lugha ni jambo moja. Lugha hiyo kuwalipa ni jambo jingine kabisa. Makala haya yanakusudia kuyatenganisha mambo hayo mawili, na lugha inayotufaa kwa ulinganisho ni Kireno.

Kireno si mgeni kwetu. Vasco da Gama alitia nanga Malindi mwaka 1498, ujenzi wa Ngome ya Yesu ukaanza Mombasa mwaka 1593, na Wareno wakaishikilia ngome hiyo hadi 1698. Baada ya miaka yote hiyo ya mizinga, walituachia msamiati tu: meza, leso, bendera, gereza, mvinyo, karata. Hakuna mji wa pwani yetu unaozungumza Kireno leo. Kumbe ubabe peke yake hauiotesei lugha mizizi.

Kwingineko mambo yalikwenda tofauti. Leo Ureno yenyewe ina watu takriban milioni 10, ilhali Brazil ina zaidi ya milioni 200. Uzito wa Kireno duniani, basi, hautoki Lisbon. Unatoka Brazil, Angola na Msumbiji, mataifa yaliyotawaliwa na Ureno kisha yakaamua kuitumia lugha hiyo shuleni, mahakamani, bungeni na kwenye vitabu. Mwaka 1996 nchi hizo na nyingine ziliunda jumuiya yao, CPLP, ambayo sasa ina wanachama tisa. Mwaka 2019 UNESCO ikatangaza Mei 5 kuwa Siku ya Lugha ya Kireno Duniani, miaka miwili kabla ya kuitangaza siku yetu.

Wareno wamejaribu hata kuipigia lugha yao hesabu ya fedha. Utafiti ulioongozwa na Luís Reto wa taasisi ya ISCTE jijini Lisbon, na kuchapishwa mwaka 2012, ulikadiria kwamba shughuli zinazotegemea lugha ni takriban asilimia 17 ya pato la taifa la Ureno. Takwimu hiyo imenukuliwa sana, na wapo wapenzi wa Kiswahili wanaotamani tupate ya kwetu.

Hebu tuichunguze kwanza. Hesabu ya namna hii hukusanya sekta ambazo haziwezi kwenda bila lugha, kama elimu, vyombo vya habari, mawasiliano na uchapishaji, kisha hukadiria mchango wake. Lakini ni nchi gani isiyo na shule, magazeti na simu? Ukiwapimia Wadenmarki au Wahangari kwa kipimo hichohicho, utapata asilimia fulani pia, ingawa lugha zao hazivuki mipaka mingi. Takwimu hiyo inathibitisha kwamba uchumi huhitaji lugha. Haithibitishi kwamba Kireno kina faida ambayo lugha nyingine isingeleta. Tukiiga hesabu hiyo bila kuihoji, tutapata tarakimu ya kupigia makofi, basi.

Swali lenye maana ni nani anayevuna. China haina Kireno cha asili, ila ina Macau, koloni la zamani la Ureno. Mwaka 2003 ilianzisha huko jukwaa la ushirikiano wa kibiashara na nchi zinazozungumza Kireno. Kwa maneno mengine, mtu wa nje aliona daraja pale ambapo wenyewe waliona urithi. Sisi nasi tuna wageni kama hao. BBC ilianza kutangaza kwa Kiswahili mwaka 1957, na wengine wakafuata. Walijua wanachokitafuta.

Kuna upande mwingine wa sarafu ambao hautajwi Mei 5. Nchini Msumbiji FRELIMO ilichagua Kireno kiwe lugha ya umoja, na kwa kiasi fulani kimeifanya kazi hiyo. Hata hivyo, mama wa Nampula anayesema Kimakhuwa peke yake, lugha mama ya watu wengi kuliko nyingine zote nchini humo, hukutana na Kireno kama mlango uliofungwa kila anapokwenda hospitalini au mahakamani. Lugha inayomlipa mmoja inamtoza mwingine. Hesabu ya asilimia 17 haina safu ya kuandikia gharama hiyo.

Msumbiji hiyohiyo, hata hivyo, ndiyo iliyokipa Kiswahili heshima yake ya kukumbukwa. Julai 2004, katika mkutano wa Umoja wa Afrika jijini Addis Ababa, Rais Joaquim Chissano aliacha Kireno akahutubu kwa Kiswahili, lugha aliyoizoea Tanzania wakati wa harakati za ukombozi. Wajumbe wakabaki kuhangaika, maana wakalimani hawakuwa tayari. Heshima ilikuwepo lakini kazi haikuwa imeandaliwa. Umoja huo ulikikubali Kiswahili kuwa lugha ya kazi Februari 2022, na suala ni lilelile: wakalimani, watafsiri na wahariri wako wapi, na nani anawalipa?

Sasa tulilete suala hili nyumbani Matisi, wadi iliyo katika eneobunge la Saboti, kando ya mji wa Kitale. Hapa Mbukusu, Msabaoti, Mturkana, Mteso, Mkikuyu na Mluo huuziana kwa Kiswahili. Lugha hii haikuletwa na tamko la Umoja wa Mataifa. Ilikuja na vibarua wa mashamba ya walowezi, waliosikia amri kwa Kisetla, lugha ya kuvunjavunja, nao wakajenga Kiswahili chao cha kuelewana. Gorogoro la maharagwe hupimwa kwa Kiswahili, na nauli ya bodaboda hupatanwa kwa Kiswahili. Hapo lugha inalipa kweli, kwani bila Kiswahili kila mnunuzi angehitaji mkalimani. Hata lugha za nyumbani zina thamani yake ya soko: pale Lwakhakha mpakani, Mbukusu wa Bungoma na Mgisu wa Uganda wanaweza kupatana bei bila Kiswahili wala Kiingereza, kwa kuwa lugha zao zinasikilizana.

Tatizo huanza biashara inapohitaji karatasi. Mkataba wa kukodisha shamba, fomu ya mkopo, maelezo kwenye chupa ya dawa ya kunyunyizia mahindi: hivi vyote aghalabu huwa kwa Kiingereza. Katiba ya 2010, kifungu cha 7, inasema Kiswahili ni lugha ya taifa na pia lugha rasmi pamoja na Kiingereza. Lakini Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Madai, kifungu cha 86, inaruhusu Kiswahili katika mahakama za chini tu. Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufaa zimetengewa Kiingereza. Kesi ya deni inaweza kusikizwa kwa Kiswahili mbele ya hakimu, kisha ikikatiwa rufaa inahama na kumwacha mwenyewe nje.

Hapo ndipo thamani ya Kiswahili inapovujia. Mkulima aliyebishania bei ya gunia kwa ufasaha wa kupigiwa mfano anamlipa mtu mwingine amsomee mkataba wa gunia hilohilo. Asipokuwa na pesa za kumlipa, anatia saini tu na kumwachia Mungu. Yeye ni mmoja katika hao milioni 200 tunaojivunia.

Majirani wameanza kuziba mwanya huo. Tanzania ilibadilisha sheria mwaka 2021 ili Kiswahili kiwe lugha ya sheria na mahakama, hatua inayodai kazi kubwa ya kutafsiri, na tafsiri ni ajira. Uganda nayo, kupitia baraza lake la mawaziri, iliidhinisha Julai 2022 kwamba Kiswahili kiwe somo la lazima katika shule za msingi na sekondari. Walimu wanahitajika.

Katika fasihi pia kuna la kujifunza. Tuzo ya Camões, iliyoanzishwa na serikali za Ureno na Brazil, mwaka 2021 ilimwendea Paulina Chiziane wa Msumbiji. Mwaka huohuo Abdulrazak Gurnah, mzawa wa Zanzibar na msemaji wa Kiswahili, alitunukiwa Nobel kwa kazi alizoandika kwa Kiingereza. Simlaumu, mwandishi huenda kwenye wachapishaji na wasomaji. Tanzania ilianza kutoa Tuzo ya Mwalimu Nyerere mwaka 2023. Ni hatua njema, ila ni ya nchi moja.

Kuna watakaoniambia kwamba mzazi wa Matisi anataka mtoto wake ajue Kiingereza, kwa sababu ndicho kinachotoa kazi. Hakosei hata kidogo. Sipendekezi Kiingereza kiondolewe. Ninachodai ni kwamba lugha rasmi ya pili ifanye kazi iliyopewa na Katiba, na kwamba Kibukusu na Kisabaoti visisukumwe nje ya zahanati kama Kimakhuwa kilivyosukumwa Msumbiji.

Basi Julai 7 ijayo, badala ya kutusomea tena idadi ya wasemaji duniani, kaunti za Trans Nzoia na Bungoma zitusomee orodha nyingine: fomu ngapi za ofisi zao zinapatikana kwa Kiswahili, na watafsiri wangapi wameajiriwa. Orodha hiyo huenda ikawa fupi mno, lakini itakuwa kipimo cha kweli cha thamani ya Kiswahili kwa mtu wa Matisi.