Padri wa Ambricourt: kitabu chatia moyo ao chavunja moyo?

Wahubiri wengi wa mafungo wanalipenda neno la mwisho la kitabu cha Georges Bernanos, Journal d'un curé de campagne, lile neno juu ya neema. Wanalitamka mwisho wa hotuba, wafratri wanaliandika ndani ya daftari, na kazi imekwisha. Mimi nasema kwamba neno lile, likitolewa peke yake, ni kama dawa iliyotolewa bila kuuliza mgonjwa anaumwa wapi. Inafaa kusoma kurasa zote zinazolitangulia, na kuangalia vizuri linasemwa kwa nani.

Kitabu kilitolewa Paris mwaka 1936, na mwaka uleule kikapata zawadi kubwa ya riwaya ya Académie française. Mwaka 1951 Robert Bresson akakitengenezea filimu. Mwandishi hakuwa padri. Alikuwa baba wa watoto sita, aliyekuwa amepata mkate wake kwa kuzunguka katika kazi ya asiransi. Mwaka 1933 aligongwa akiwa juu ya pikipiki, mguu ukavunjika, na tangu hapo alitembea kwa fimbo. Mwaka 1934 akahamia na jamaa yake kisiwa cha Majorca, sababu maisha ya Ufaransa yalimshinda kwa bei. Huko ndiko alianza kitabu hiki, na mchapishaji alimlipa kwa hesabu ya kurasa. Nataja mambo hayo kwa kuwa wengine hudhani kwamba maneno juu ya uvumilivu huandikwa na watu wenye kushiba.

Habari yenyewe ni fupi. Padri kijana, mtoto wa maskini, anatumwa parokia ya Ambricourt, kaskazini ya Ufaransa. Anaamua kuandika siku kwa siku yale yanayompata. Tumbo linamuuma, hakuna chakula kinachokaa ndani ila mkate na divai mbaya yenye sukari, na kwa hiyo watu wanasema padri ni mlevi. Katika katekismu ya komunyo ya kwanza, msichana Séraphita anajibu vizuri kuliko wote. Padri anafurahi, anamwuliza sababu, na msichana anamjibu kwamba ni kwa ajili ya macho yake mazuri. Wasichana wote wanacheka: walikuwa wamepatana. Yeyote aliyefundisha katekismu anajua kwamba kicheko cha namna hiyo kinaumiza kuliko matusi ya mtu mzima.

Sehemu iliyosifiwa kuliko zote ni mazungumzo yake na bibi wa bwana mkubwa wa mahali. Bibi yule alifiwa na mtoto wake mdogo wa kiume, na tangu siku ile amefunga moyo mbele ya Mungu, ingawa kanisani anakaa mahali pake kama desturi. Padri, mwenye kutetemeka na kukosa maneno, anashindana naye mpaka anakubali. Usiku uleule anakufa, katika amani. Na padri anapata nini? Masingizio. Binti ya bibi alisikiliza mazungumzo, na sasa inasemekana kwamba padri alimtesa mama yake. Barua ambayo marehemu alimwandikia ingeweza kumtetea, lakini yeye hafanyi haraka ya kujitetea. Angalieni ajabu ya jambo hili: alimpa mtu amani ambayo yeye mwenyewe hakuwa nayo. Bernanos anaona hapo siri yote ya upadri, nami nakubaliana naye.

Lakini kukisifu kitabu bila kukihukumu si kukiheshimu. Kosa la kwanza: watu wote wanasema kwa sauti moja, yaani sauti ya Bernanos. Mzee padri wa Torcy, daktari Delbende, hata yule askari Olivier, wote wanatoa hotuba ndefu juu ya maskini na juu ya ukristu wa zamani. Hotuba ni nzuri, lakini habari inasimama kuzingoja.

Kosa la pili ni zito zaidi kwa sisi, na pengine ni kosa la wasomaji kuliko la mwandishi. Mfratri anaweza kupenda upweke wa padri yule kama vile mwingine anavyopenda kanzu mpya. Anaanza kuona kwamba kutokula, kutosema, na kutoeleweka na wakristu ni alama ya utakatifu. Sivyo. Padri wa Ambricourt anakwenda kwa daktari wa Lille akiwa amechelewa sana. Jambo hilo ni la kuhurumia, si la kuiga. Mwenye kuficha ugonjwa wake mpaka aanguke njiani anawaachia wenzake mzigo wake na kaburi lake. Tena sisi tuna wakatekista, watu wazima wenye kuijua parokia kabla padri hajafika. Katika Ambricourt hakuna hata mmoja.

Ndiyo sababu mimi namwangalia sana yule padri wa Torcy, ambaye wasomaji wanampita haraka. Anamkemea kijana, anamwuliza anakula nini, anakunywa nini, anamcheka kidogo, kisha anamheshimu. Mzee wa namna hiyo ni mali. Padri Stefano Kaoze, alipopewa upadri kule Baudouinville mwaka 1917, wa kwanza katika Kongo ya nyakati zetu, hakuwa na mkubwa wa damu yake ambaye angemwuliza mambo kama hayo. Alidumu katika kazi mpaka kufa kwake mwaka 1951. Wanaolalamika leo kwamba hakuna anayewaelewa wakumbuke hesabu hiyo.

Na msaada wenyewe, katika kitabu, unafika kwa njia isiyotazamiwa. Usiku mmoja padri anaanguka katika matope, uso umejaa damu aliyotapika. Anayemkuta na taa yake ni Séraphita, yule wa macho mazuri. Anamwosha uso kwa maji ya kidimbwi. Baadaye Olivier anampakia juu ya pikipiki, na kwa mara ya kwanza kijana huyu, aliyezaliwa kama mzee, anaonja furaha ya kuwa kijana. Huko Lille daktari anayemwambia kwamba ana kansa ya tumbo ni mtu mgonjwa mwenyewe, mtumwa wa morfini. Na padri analia. Anaogopa. Hajifanyi shujaa, na kurasa hizo ni za kweli kuliko vitabu vingi vya maisha ya watakatifu.

Mwisho anafia katika nyumba ya Dufréty, mwenzake wa seminari, aliyeacha upadri na kukaa na mwanamke. Neno lile maarufu halimo katika daftari la padri. Tunalisoma katika barua ya Dufréty kwa padri wa Torcy, barua kavu, ya mtu anayetaka kuonekana mwenye adabu na kujitetea. Padri aliyeitwa anachelewa. Mgonjwa amekwisha kuomba maondoleo kwa huyu mwenzake aliyeanguka, naye amempa. Sasa Dufréty anasikitika kwa sauti kwamba kuchelewa kule kutamnyima rafiki yake faraja za mwisho za Kanisa. Hapo ndipo mgonjwa anajibu neno lake juu ya neema. Wahubiri wetu wanalisema kama neno la mtu anayejifariji mbele ya kifo. Lakini kitandani pale aliyehitaji kufarijiwa alikuwa Dufréty, na padri wa Ambricourt, bila nguvu ya kuinua kichwa, alikuwa bado kazini.