Mvivu au Aliyechoshwa? Juu ya Jina la Samurai wa Filamu za Kijapani

Kati ya mwaka 1930 na 1963 mwigizaji Ichikawa Utaemon alicheza filamu 30 za mfululizo uitwao Hatamoto Taikutsu Otoko, uliotokana na hadithi za Sasaki Mitsuzo. Mhusika mkuu, Saotome Mondonosuke, ni samurai mwenye kovu la umbo la mwezi mwandamo katika paji la uso. Mfasiri atakayeueleza mfululizo huu kwa Kiswahili atakwama tangu jina lake.

Neno la kwanza ni taikutsu. Apitiaye Kiingereza hukuta neno lenye maana mbili, kukosa shughuli na uvivu. Akiandika "samurai mvivu" ameiharibu hadithi nzima. Mondonosuke hupata posho ya koku 1,200 za mchele, lakini hakupewa kazi yoyote. Vita vikubwa vya kugombea utawala vilikwisha mwaka 1615, naye anaishi zama za Genroku, yaani 1688 hadi 1704. Upanga anao, wa kupigana naye hana. Mvivu huikimbia kazi. Huyu kazi ndiyo iliyomkimbia. Kwa hiyo asikiapo habari za jumba lenye vitisho, huinuka mara moja. "Aliyekinai" nalo halifai, maana kukinai ni kutosheka. Napendekeza "aliyechoshwa na kukaa bure".

Neno la pili ni hatamoto: samurai aliye chini ya Shogun mwenyewe, mwenye haki ya kuonana naye. "Kibaraka" ni tusi, na "mtumishi" hupunguza hadhi ambayo kwayo Mondonosuke huwakabili wakubwa waovu bila hofu. Heri tulikope neno lenyewe, tulifafanue mara moja.

La tatu ni nazo, lililomo katika majina ya filamu nyingi za miaka ya 1950. Kitendawili hutegwa hadharani ili kiteguliwe, lakini waovu wa filamu hizi hawategi, wanaficha. Fumbo hufumbwa na mmoja, likafumbuliwa na mwingine. Hilo ndilo neno letu.

Kasoro ya filamu hizi ni kwamba mtazamaji hana shaka kuwa shujaa atashinda. Uzito wake umo katika swali moja: mtu aliyelelewa kwa vita afanye nini wakati wa amani? Neno "mvivu" hulifuta swali hilo kabla filamu haijaanza.