Kifungu cha 25 cha OHADA: mlango uko, jina la mlango hakuna

Bandugu, huku Butembo na Beni tunasaini kontra kila siku: kakao ya Mangina, kahawa ya Ruwenzori, mizigo ya Kasindi. Chini kabisa, kwa herufi ndogo, kuna mstari unaosema kwamba tukigombana tutakwenda kwa arbitri, hapana kwa tribinali. Wengi tunaruka ule mstari tuangalie bei. Miye ni mtu wa kilimo, siyo avoka, lakini nilisoma ile sheria yenyewe kwa kuwa wakulima wananiletea kontra niwasomee. Hapa nataka kuikosoa mahali pamoja tu.

Kongo iliingia OHADA, na sheria zake zikaanza kufanya kazi kwetu tarehe 12 Septemba 2012. Sheria ya arbitraje ilitengenezwa upya kule Conakry tarehe 23 Novemba 2017. Mambo mengi ndani yake ni mazuri, tuseme ukweli. Arbitri akisha kukata neno, hakuna rufaa ya kawaida. Unaweza tu kuomba hukumu yake ifutwe, na sababu zimehesabiwa: hapakuwa na mapatano ya arbitraje, arbitri alichaguliwa vibaya, alivuka kazi aliyopewa, upande mmoja haukusikilizwa, hukumu haina maelezo, au inavunja misingi mikubwa ya sheria inayolindwa kimataifa. Kusema tu kwamba arbitri alipima vibaya kakao yako haitoshi.

Sasa unapeleka ombi wapi? Kifungu cha 25 kinajibu: mbele ya « juridiction compétente » ya nchi. Ni kusema, mahakama yenye uwezo. Ipi? Kimya.

Mtu anaanza kutafuta katika sheria za Kongo. Kuna ya procédure civile ya Machi 1960, kuna ya tribinali za biashara ya Julai 2001, zote mbili za kabla ya OHADA, halafu kuna ile ya Aprili 2013 juu ya mpango wa mahakama. Avoka mmoja atakwambia tribinali ya biashara, kwa sababu ugomvi ni wa biashara. Wa pili atasema Tribunal de grande instance. Wa tatu atasema Korti ya Rufaa, kwa sababu hukumu ya arbitri ni kama hukumu iliyokwisha kutolewa, haiwezi kupimwa na juji wa chini. Wote watatu wana akili, njo hapo ubaya wenyewe. Na saa inapiga: ukisha kupewa hukumu pamoja na kibali cha kuitekeleza, una mwezi mmoja tu. Ukibisha mlango usio wako, mwezi unaweza kuisha ungali unaambiwa « hapana hapa ».

Kama ni Korti ya Rufaa, kwetu makao yake yalikuwa Goma. Tangu mwisho wa Januari 2025 Goma iko mikononi mwa M23. Mkulima wa Oicha hawezi kuishi kwa neno « compétente ». Anahitaji jina la nyumba na jina la mji.

Watetezi wa OHADA wanasema: nchi ni 17, mahakama hazifanani, sheria moja haiwezi kutaja majina. Sawa. Lakini Kameruni ilifanya nini? Mwaka 2003 ilitoa sheria fupi ya kutaja mahakama zinazohusika, na ombi la kufuta hukumu likapewa Korti ya Rufaa. Basi. Conakry ingeweza kulazimisha kila nchi ifanye vile.

Majirani wa Kenya walitaja jina: ni High Court. Lakini sheria yao ilinyamaza juu ya kinachofuata. Kampuni ya Nyutu Agrovet (usidanganywe na jina, kontra ilikuwa ya kuuzia Airtel bidhaa za simu) ilipewa na arbitri zaidi ya shilingi milioni 500 za Kenya. High Court ikaifuta ile hukumu mwaka 2011. Mwaka 2015 Korti ya Rufaa ikasema haina ruhusa ya kusikiliza. Tarehe 6 Desemba 2019 Mahakama ya Juu, kwa wingi wa majaji, Maraga akipinga, ikasema ruhusa iko, lakini kwa nadra sana, na faili ikarudishwa chini. Miaka minane juu ya mlango tu!

Hapo OHADA inawashinda. Juji wa nchi ana miezi mitatu. Akichelewa, faili inamtoka, una siku 15 za kuipeleka CCJA ya Abidjan, nayo ina miezi sita. Akikata neno, ni Abidjan tena peke yake. Juu kumefungwa vizuri. Chini, pale mtu mdogo anapoanzia, kumeachwa wazi.

Na tena angalia: kama kontra inasema arbitraje ni ya CCJA yenyewe, tribinali ya hapa haiingii kabisa. Ombi la kufuta linakwenda Abidjan moja kwa moja. Kwa mnunuzi mwenye ofisi Ulaya ni sawa. Kwa kooperative yenye magunia mia mbili, tiketi ya ndege na avoka wa kule vinaweza kula magunia yote. Kwa hiyo mtu akikuletea kontra umsomee, anzia pale kwa herufi ndogo, uulize kabla ya bei: arbitri gani, mji gani, na tukikataa hukumu yake, tunapanda gari la wapi?