Tintin na Ulimi wa Mkongo

Miongoni mwa vitabu vilivyotungwa Ulaya juu ya nchi ya Kongo, ni vichache vilivyosomwa na watoto wengi kama kile kitabu cha hadithi za picha kiitwacho Tintin au Congo. Wahakiki wengi wamekwisha kukilaumu kwa sura alizochorwa Mwafrika ndani yake: midomo minene, macho ya kutumbua, mavazi ya kuchekesha. Lawama hizo ni za haki. Lakini sisi tulio walimu wa lugha tuna swali letu la kuongeza: je, mtu huyo alipewa ulimi gani wa kusemea? Makala haya yanakusudia kulijibu swali hilo.

Yafaa kwanza tueleze asili ya mhusika mwenyewe. Tintin, kijana mwandishi wa habari, alitokea kwa mara ya kwanza tarehe 10 Januari 1929 mjini Brussels, katika Le Petit Vingtième, nyongeza ya watoto ya gazeti la Kikatoliki lililoitwa Le Vingtième Siècle. Mchoraji wake, Georges Remi (1907–1983), alijulikana kwa jina la Hergé, yaani herufi za kwanza za majina yake mawili zilizogeuzwa na kutamkwa Kifaransa. Safari ya kwanza ya Tintin ilikuwa ya kwenda nchi ya Wasovieti. Safari ya pili, iliyochapishwa gazetini tangu 1930 hadi 1931, ilikuwa ya Kongo. Mkuu wa gazeti, padri Norbert Wallez, ndiye aliyetaka hivyo, ili watoto wa Ubelgiji walipende koloni lao. Hergé hakuwahi kufika Kongo. Alichota maarifa yake katika maandishi ya wakoloni na katika jumba la makumbusho la Tervuren. Kwa hiyo aliyoyachora ni yale ambayo Wabelgiji walikuwa wakiambiana wenyewe kwa wenyewe.

Sasa tuitazame lugha. Katika kitabu hiki Wakongo husema Kifaransa kilichovunjikavunjika: vitendo havinyambuliwi, viunganishi vimeanguka, na heshima imegeuzwa kuwa unyenyekevu wa mtumwa. Hivyo ndivyo anavyosema Coco, mtoto anayemtumikia Tintin, na wakubwa nao husema vivyo hivyo. Mtu angeweza kujitetea kwa kusema kwamba mgeni wa lugha hukosea. Ni kweli. Lakini watu hawa husema ulimi huo huo hata wanapozungumza wao kwa wao, vijijini mwao, mahali ambapo hapana sababu yoyote ya kutumia Kifaransa. Mtungaji hakuwa anaonyesha mtu anayejifunza lugha ya pili. Alikuwa akimwambia msomaji kwamba watu hawa hawana lugha kamili hata moja.

Jambo hili hudhihirika zaidi tukimsikiliza Milou, mbwa wa Tintin. Mbwa huyu hunena, na Kifaransa chake ni fasaha. Gari la Tintin linapokwama relini na garimoshi kuligonga, ni garimoshi linaloanguka, na abiria wanapotakiwa kuliinua, mbwa ndiye anayewahimiza na kuwaita wavivu. Mtoto aliyesoma ukurasa ule akacheka hakuambiwa kwamba reli ya kweli, ile ya kutoka Matadi hadi Léopoldville iliyokamilika mwaka 1898, ilijengwa kwa jasho la Waafrika na kwamba wengi wao walikufa njiani. Alijifunza tu kwamba mbwa wa Mzungu husema sarufi sahihi kuliko mtu mzima wa Kongo.

Majina nayo yana siri yake. Ufalme wa Babaoro'm umepewa jina la keki ya Kifaransa iliyolowekwa katika pombe, na maadui wao, M'Hatouvou, wamepewa msemo wa Kifaransa unaomdhihaki mtu mwenye majivuno. Mchawi wa hadithi, anayeshirikiana na mhalifu wa Kizungu kumdhuru Tintin, huitwa Muganga. Hili ni neno letu. Kwa Kiswahili mganga ni mtu wa kuponya, na katika Kiswahili cha Kongo munganga ni daktari wa hospitali. Neno la tiba limechukuliwa, likavikwa mhusika mwovu, na kazi ya kuponya akapewa Tintin, ambaye kwa dawa ya kwinini humwinua mgonjwa na kushangiliwa.

Mwaka 1946 kitabu kilichorwa upya kwa rangi. Katika chapa ya kwanza Tintin aliingia darasani katika shule ya misheni akawafundisha watoto wa Kongo kwamba Ubelgiji ndiyo nchi yao. Katika chapa mpya somo hilo liliondolewa, likawekwa la hesabu: mbili na mbili ni ngapi? Darasa zima likanyamaza. Ndugu walimu watatuelewa tukisema kwamba marekebisho haya hayakuponya kitu. Mwalimu yeyote aliyepata mafunzo ya kazi akiona darasa zima limenyamaza mbele ya swali jepesi, hujiuliza kwanza kama swali limeeleweka, na kwa lugha gani limeulizwa. Tintin hajiulizi. Siasa ya ukoloni ilifutwa ubaoni, bali dharau ya lugha ikabaki palepale.

Wapo wanaosema kwamba Hergé alikuwa mtoto wa wakati wake. Hoja hii ina uzito, lakini yeye mwenyewe ameidhoofisha. Mwaka 1934, alipokuwa akitayarisha safari ya Tintin ya Uchina, alikutana na mwanafunzi wa sanaa wa Kichina, Zhang Chongren. Katika kitabu kilichotokana na urafiki huo, Le Lotus bleu, maandishi ya Kichina yaliyo kutani na katika mabango ni maandishi ya kweli, na Wachina ni watu wenye akili na huzuni zao. Alipompata mtu wa kumfundisha, Hergé alijifunza. Mwaka 1946, alipokirudia kitabu cha Kongo, alikuwa amekwisha kujua namna kazi hiyo inavyofanywa. Hapo ndipo lawama yetu inapoangukia.

Mwaka 2007 mwananchi mmoja wa Kongo akaaye Ubelgiji alikwenda mahakamani kutaka kitabu hiki kizuiwe, na mwaka 2012 mahakama ya Brussels ikalikataa ombi lake. Sisi hatuoni kuwa kukificha kitabu kutatufaa. Twaona afadhali kisomwe darasani kwa macho mawili, pamoja na kazi za wachoraji wa Kongo wenyewe. Mongo Sisé alitupa Mata Mata na Pili Pili, na baadaye Bingo. Barly Baruti, mzaliwa wa Kisangani, alichora Madame Livingstone mwaka 2014, hadithi ya vita vya kwanza vya dunia kando ya ziwa Tanganyika, ambamo kiongozi wa njia wa Kiafrika ana ujuzi, kiburi na siri ya maisha yake, na Mzungu ndiye anayehitaji kufunzwa.

Twapendekeza pia zoezi moja. Wanafunzi wapewe ukurasa mmoja wa Tintin, maneno yote yafutwe, kisha wamwandikie Coco maneno ya Kiswahili safi, kama mtoto mwerevu wa umri wake angalivyosema. Watagundua mara moja kwamba mzaha hauwezi kusimama. Kinachochekesha katika kurasa hizo ni ule upungufu aliotiwa msemaji kinywani.

Zoezi hilo litatuhusu na sisi. Tunajua jinsi Kiswahili cha Kongo kinavyochekwa na wenzetu wa pwani, na jinsi sisi wenyewe tunavyomcheka mwanafunzi atokaye kijijini akichanganya ngeli. Katika michezo ya kuigiza ya shule zetu, mjinga wa hadithi aghalabu ndiye mwenye lafudhi ya kabila fulani. Tukiwa tunamlaumu Hergé kwa haki, basi na tuyapitie maigizo hayo kabla ya sikukuu ijayo ya shule, tuone ni nani tuliyempa ulimi uliovunjika, na kwa sababu gani.