Nani Anaokota Kuni?

Mwaka wangu wa pili chuoni, kabla sijaacha masomo (karo, na mambo mengine ambayo hayahusiani na makala haya), niliandika sura saba za riwaya kuhusu wahamaji wa jangwani wanaoabudu moto. Nilikuwa na kuhani mwenye macho mekundu. Nilikuwa na mwali usiozimika. Nilikuwa na msichana anayetolewa kafara motoni ili mvua inyeshe, maana bila hiyo nani angesoma? Nikampa rafiki yangu wa hosteli laptopu asome. Yeye ni Mrendille, kwao ni upande wa Kargi. Alisoma sura mbili kimya kabisa, akanirudishia, akauliza swali moja tu: "Sasa hawa watu wako, nani huwaokotea kuni?"

Nilicheka. Yeye hakucheka.

Tangu siku hiyo sijaweza kusoma wala kutazama dini ya moto ya kubuni bila kuchungulia pembeni kama kuna mtu amebeba tita. Mara nyingi hayuko. Lakini kuna mahali yuko, tena nilipokuwa sikutarajia.

Mwishoni mwa A Game of Thrones, kitabu cha George R. R. Martin cha 1996, Daenerys anamchoma mumewe aliyekufa, Khal Drogo, kisha anaingia mwenyewe kwenye moto ule. Unapozimika anapatikana hai, na majoka watatu. Wadothraki ni wahamaji wa farasi, na mungu wao ni farasi vilevile, si moto. Hata hivyo wanapiga magoti. Watu wengi hukumbuka majoka. Mimi siku hizi nakumbuka kuni. Martin anatuambia waziwazi kwamba nchi ile ilikuwa imekauka, kuni za maana hazipatikani, na waliotumwa kuzitafuta wakarudi na miti iliyopinda, vichaka na matita ya nyasi. Na hao wanaopiga magoti ni nani? Ni masalio: wazee, wagonjwa, akina mama na watoto, walioachwa nyuma baada ya wenye nguvu kugawana farasi na kwenda zao. Hawana pa kwenda. Mtu aliyetelekezwa jangwani akimwona binadamu ametoka motoni bila kuungua, ataamini, na mimi msomaji namwelewa.

Sasa njoo kwenye tamthilia ya televisheni, msimu wa sita, mwaka 2016. Daenerys yuko ndani ya hekalu la Vaes Dothrak pamoja na makhal wote. Anaangusha makarai ya moto, mlango umefungwa, jengo linawaka lote kama karatasi, naye anatoka nje akiwa mzima. Taifa zima linaanguka kifudifudi. Hata dosh khaleen, wajane wazee ambao ndio kumbukumbu na hekima ya watu hao, nao wako chini. Imani ya vizazi na vizazi imebadilishwa kwa muda wa kuchemsha chai! Hapa kuni si tatizo, na hilo ndilo tatizo. Kwa waandishi wa kipindi hiki mhamaji ni mtu asiye na mzigo: hana nyumba ya mawe, basi ati hana cha zamani cha kukishika, mwonyeshe mwali mmoja mkubwa na atakufuata. Kusema ukweli, sura zangu saba zilidhani hivyo hivyo.

Kosa la pili, ambalo nililifanya kwa furaha zaidi, ni kuchoma watu. Katika ulimwengu huohuo wa Martin kuna R'hllor, mungu wa moto, na mwaka 2015 televisheni ilituonyesha mtoto Shireen akichomwa kwa ajili yake. Martin amesema alichota kidogo kutoka kwa Wazoroasta. Lakini kwa Wazoroasta moto ni alama ya Ahura Mazda, na kuhani hufunika mdomo kwa kitambaa cheupe ili pumzi yake isiuchafue. Kuuingiza maiti kwenye moto ni kuunajisi. Ndiyo maana walijenga minara na kuwaachia ndege wafu wao. Kule Udvada, Gujarat, kuna moto ambao kwa mapokeo yao umetunzwa zaidi ya miaka 1000, unalishwa msandali mara tano kwa siku. Mara tano! Hebu fikiria ratiba hiyo.

Uzushi huu haukuanza na Wazungu, tusijidanganye. Kiswahili kina neno majusi. Krismasi kanisani, mamajusi ni wageni waheshimiwa wenye dhahabu, uvumba na manemane. Ukifungua Alfu Lela Ulela, majusi ni Bahram, mteka vijana wa Kiislamu. Neno ni lilelile.

Na wahamaji wa kweli? Katikati ya boma la Warendille kuna naabo, uzio mdogo wenye moto wa wazee. Jioni wanaketi pale, wanazungumzia ngamia na malisho, wanamwomba Waakh. Hakuna anayeuita moto ule mungu. Kule Kunene, Namibia, Wahimba wana okuruwo kati ya nyumba kuu na zizi la ng'ombe. Mgeni hapiti hapo katikati ovyo, na mzee huketi kando yake kuzungumza na wahenga. Ukiutazama, mara nyingi ni gogo linalofuka moshi tu. Kamera ya 2016 isingesimama hapo hata sekunde moja. Mwandishi mzuri angekaa hapo sura nzima, kwa sababu gogo hilo lazima litoke mahali, na kuna mtu anaamka usiku kuangalia kama bado lina uhai.

Nimemfuta kuhani wa macho mekundu. Yule msichana wa kafara nimembakisha. Riwaya sasa inaanza alfajiri, ana miaka 12, kamba begani, yuko mbali na boma anatafuta mti uliokufa. Nilimtumia rafiki yangu kurasa hizo wiki iliyopita. Amejibu kwa ujumbe wa sauti: "Kamba yake ni fupi. Hiyo haifungi tita."