Chupa za Dirishani Koni

Katika kambi ya Koni, kando ya mto Lufira huko Katanga, nyuma ya nyumba moja kati ya zile za wafanyakazi wa kituo cha umeme, kuna dirisha ambalo halifunguliwi tena. Ukingo wake umejaa chupa. Ni chupa ndogo za dawa ya kikohozi, zilizooshwa na kukaushwa, na kila moja ina mafuta ya kina cha vidole viwili na kikaratasi kilichogundishwa ubavuni. Jua la asubuhi linapopenya, ya kwanza huwaka kwa wekundu wa juisi ya choya, ya pili huwa na rangi ya chai kavu, ya tatu ya kahawa. Mwisho wa safu zimesimama chupa ambazo jua haliwezi kuzipenya kabisa.

Mwenye chupa hizo ni mzee mstaafu aliyeishi miaka yake ya kazi kati ya turbini na transfoma. Siku hizi anafanya kazi moja tu uani kwake, chini ya mwembe: kubadilisha mafuta ya giaboksi za otomatiki. Watu wa Likasi, ambao Kiswahili chao kimekua nyumba moja na Kifaransa, husema wanampelekea motoka afanye vidanji ya buate. Dar es Salaam wangesema kumwaga oili ya giaboksi. Kwa jina lolote, ni kazi ambayo mafundi wengi huimaliza kwa nusu saa, na ambayo kwa mzee huyu huchukua siku nzima, kisha siku nyingine, kisha nyingine tena.

Wateja wake ni madereva wa teksi na wachuuzi wa samaki wa ziwa Tshangalele. Magari yao karibu yote ni ya Kijapani yaliyokwisha tumika kwingine, yakashushwa bandarini Dar es Salaam au kwingine, yakavuka Zambia na kuingia kwa mpaka wa Kasumbalesa. Usukani uko kulia katika nchi ambayo watu huendesha upande wa kulia. Baada ya Kasumbalesa huja lami ya Lubumbashi na Likasi, halafu barabara za vumbi na makorongo, milima ya kupanda kwa gia ya kwanza na mizigo isiyoandikwa katika kitabu chochote cha Toyota. Giaboksi iliyoundwa kwa ajili ya mitaa ya Nagoya huchemka huku, na mafuta yanayochemka huzeeka.

Asubuhi moja ya kiangazi kijana mmoja alileta Toyota Ist iliyokuwa ikichelewa kushika gia kila asubuhi. Alikuja na kopo la mafuta mekundu alilonunua sokoni.

“Papa, mimina tu haya. Mafuta ni mafuta.”

Mzee hakujibu. Alifungua boneti, akachomoa kijiti cha kupimia, akakifuta, akamwonyesha kijana maandishi madogo yaliyogongwa kwenye chuma: T-IV. Kisha akaligeuza lile kopo hadi maandishi yake nayo yakasomeka. Lilikuwa la Dexron, mafuta mazuri sana kwa usukani wa pawa na kwa giaboksi zilizoundwa kwa ajili yake.

“Soma wewe mwenyewe, mwanangu,” alisema. “Gari limekwisha kukuambia linachokula.”

Wekundu huo ndio unaowapotosha wengi. Rangi imetiwa na watengenezaji ili mtu akiona tone chini ya gari ajue limetoka wapi, kama ni kwenye injini au kwenye giaboksi. Rangi haisemi lolote kuhusu kilichomo. Ndani ya giaboksi ya otomatiki mna sahani nyembamba za klachi ambazo hushikana na kuachiana zikiwa zimelowa mafuta, na mafuta yenyewe ndiyo yanayoamua zishikane kwa upole kiasi gani. Kwa miaka mingi upole huo ulitoka baharini. Giaboksi ya otomatiki ya kwanza kutengenezwa kwa wingi, Hydra-Matic ya General Motors, ilitoka mwaka 1939, na mafuta yaliyotumika katika miongo iliyofuata yalichanganywa na mafuta ya nyangumi. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 Marekani ilipiga marufuku biashara ya mafuta hayo ya nyangumi, na wanakemia wakalazimika kutafuta cha kuiga ulaini wake. Kila kampuni imefuata njia yake. Toyota ina T-IV na baadaye WS, Nissan ina ya kwake kwa giaboksi za mkanda, Honda vilevile ina ya kwake. Anayesema mafuta ni mafuta hajui amebeba historia ndefu kiasi gani katika kopo moja.

Kwamba kazi hii imepata mtu wake Koni, wala si katika gereji kubwa za Likasi, kunaeleweka ukisimama ukautazama mto. Lufira huangukia kwanza Mwadingusha, kwenye maporomoko ambayo Wabelgiji waliyaita Cornet, kwa jina la mwanajiolojia wao. Maji yaleyale yaliyokwisha kuzungusha turbini za Mwadingusha huteremka kidogo na kuzungusha za Koni: turbini 3, megawati 42 kwa jumla, kazi iliyokamilika mwaka 1950. Wakati wa ukoloni kituo cha Mwadingusha kiliitwa Francqui, na cha Koni kiliitwa Bia. Cornet, Francqui na Bia walikuwa watu wa msafara mmoja ulioanza safari ya Katanga mwaka 1891. Bia alifia huku huku mwaka uliofuata, na Francqui akaushika uongozi. Majina yao yameondoka, mto umebaki na majina yake.

Aliyezeekea kando ya turbini hizo hahitaji picha ya kitabuni ili aelewe giaboksi ya otomatiki. Gari linapoanza kutembea, kati ya injini na gia hakuna chuma kinachoshika chuma, kuna konveta: chungu cha chuma chenye umbo la andazi, kimejaa mafuta, na ndani yake magurudumu mawili ya mapanga yanatazamana. Moja ni pampu, huzungushwa na injini na kuyarusha mafuta. La pili ni turbini, huyapokea na kuzunguka. Mjerumani Hermann Föttinger ndiye aliyebuni jambo hilo mwaka 1905, akilikusudia kwa ajili ya meli. Mzee wa uani hulieleza kwa kunyoosha mkono tu kuelekea bondeni, kunakosikika ngurumo ya maji. Ndani ya kila teksi ya Likasi mna Koni ndogo, na mto wake ni lita saba za mafuta.

Mtu aliyefundishwa kuuheshimu mto hafungui boliti kwa pupa. Kwanza gari huzungushwa kidogo kambini ili mafuta yapate joto na uchafu uchanganyike nayo. Kisha hupandishwa juu ya magogo manne yaliyokatwa kwa kipimo kimoja, liwe sawa mbele na nyuma, kwa sababu gari lililoinama hudanganya kijiti. Kabla hajagusa boliti ya chini huhakikisha kwamba mahali pa kujazia panafunguka. Wapo waliomwaga mafuta yote kisha wakakuta kifuniko cha juu kimekwama kwa kutu, na gari likalala siku tatu uani pa watu.

Mafuta humwagikia kwenye beseni la bati, naye huinama kunusa. Yaliyoungua hunuka kama ugali ulioshika sufuria. Sampo, bakuli la chini ya giaboksi, ikishuka, macho yake huenda moja kwa moja kwenye sumaku ndogo zilizomo chini yake. Tope la kijivu, laini kama majivu, ni uchovu wa kawaida. Vipande vinavyoweza kushikwa kwa kucha ni habari nyingine, na mwenye gari huambiwa hapohapo, kabla fedha haijatoka mfukoni. Sumaku na sampo hupanguswa kwa kitambaa cha zamani cha shuka kilichofuliwa mara nyingi, kisichoacha nyuzi, maana uzi mmoja ukiingia kwenye vijia vya vali unatosha kuchelewesha gia. Vitambaa hivyo anavikunja na kuvitunza katika mfuko wa plastiki uliofungwa fundo, na hakuna mtoto wa nyumba hiyo anayethubutu kuvifanyia kazi nyingine.

Halafu huja kipimo. Yaliyotoka humiminwa katika chupa za maji za lita moja na kuhesabiwa mbele ya mwenyewe. Kiasi hichohicho cha mafuta mapya ndicho kitakachoingia. Injini huwashwa, leva ya gia hupitishwa katika kila nafasi, taratibu, ikirudi mwanzo, na kijiti husomwa injini ikinguruma na mafuta yakiwa moto. Kwa Honda huizima kwanza na kusoma upesi, kwa kuwa Honda imetaka hivyo. Yakipungua, pampu hunyonya hewa na gia huteleza. Yakizidi, hupigwa mpaka yakatoa povu, na povu halisukumi turbini. Mzee husoma kijiti mara tatu. Ya kwanza haiamini, kwa kuwa mirija bado inachuruzika.

Na hapo, mteja anapodhani kazi imekwisha, ndipo huambiwa jambo ambalo wengi hawapendi kulisikia. Boliti ya chini haitoi mafuta yote. Katika gari la lita saba hutoka tatu, na nne hubaki zimejificha ndani ya konveta na mirija. Kwa hiyo leo amepata mchanganyiko. Aende akaendeshe wiki kadhaa, arudi, zitoke tatu nyingine, na mafuta ya zamani yatabaki lita mbili na kitu. Akija mara ya tatu yatabaki lita moja na robo hivi, na hapo ndipo mzee hulikubali gari kuwa limebadilishwa mafuta. Ndiyo maana ya zile chupa. Katika vituo vya umeme mafuta ya transfoma huchukuliwa sampuli na kupimwa, ili ugonjwa ujulikane kabla ya kifo. Yeye hana maabara, ana dirisha. Kila gari huacha kidogo cha mafuta yake, na kikaratasi huandikwa tarehe, kilomita na namba: 1, 2 au 3.

Uangalifu wa namna hii ulikuwa kawaida katika nchi hii ya shaba. Karakana za kampuni ya shaba ya Gécamines huko Panda, pembeni mwa Likasi, zililea mafundi ambao hawakufunga nati bila kuipangusa. Kisha kampuni ikaporomoka katika miaka ya 1990, na kuanzia mwaka 2003 wafanyakazi zaidi ya 10,000 waliondoka kwa malipo ya mkupuo katika mpango uliofadhiliwa na Benki ya Dunia. Fedha zile ziliisha. Kilichoondoka pamoja nao, yaani mkono unaojua kusubiri, hakikuwekwa katika hesabu yoyote. Hata Mwadingusha iliachwa ichakae mpaka ikabidi mitambo yake 6 ifanyiwe kazi upya. Ilirudi mwaka 2021 na uwezo wa megawati 78, ikilipiwa na wachimbaji wa shaba waliouhitaji umeme wake.

Watengenezaji wa magari nao wamechangia uzembe huu. Magari mengi ya sasa hayana kijiti kabisa, na baadhi ya kampuni zimeyaita mafuta yao ya maisha yote. Maisha ya nani, hawakusema. Bila shaka si ya gari linalobeba magunia ya samaki kutoka Tshangalele. Dereva akisikia hivyo hufurahi na kusahau, mpaka siku giaboksi inapokataa kurudi nyuma. Hapo hununua giaboksi iliyotolewa kwenye gari lililokufa mbali, huifunga bila kujua ilikunywa nini, na huanza kusahau upya. Mafuta machafu humwagwa penye majani au mferejini. Mito inayotoka Likasi tayari hubeba taka za viwanda vya shaba kuelekea Lufira na ziwa lake, na bonde lote hilo tangu mwaka 2017 limo katika orodha ya Ramsar ya ardhioevu zenye thamani kwa dunia. Mzee hukusanya mafuta yake machafu katika bidoni ya manjano. Waseremala huyachukua wakapake nguzo zisiliwe na mchwa.

Yule kijana wa Ist alirudi siku ileile na mafuta yaliyostahili, akaondoka jioni gari likishika gia bila kishindo. Alifurahi, akasalimu kwa mikono miwili, akaahidi kurudi baada ya mwezi. Chupa yake iliwekwa dirishani, nyeusi, na namba 1.

Kiangazi kimepita, mvua za Novemba zimekata barabara, nayo imefunguliwa tena. Anayezihesabu chupa za dirisha lile atakuta zenye namba 1 ni nyingi kupita zote, zimesongamana hadi zinagusa kioo. Zenye namba 2 hazifiki kumi. Zenye namba 3 ni nne, na zote nne zimeandikwa kilomita za gari moja, Corolla ya kijivu iliyoegeshwa chini ya mwembe, ya mzee mwenyewe.