Anayejua Utasimama Wapi

Lipiko, kinyago cha ngoma cha Wamakonde, likiingia uwanjani, hakuna anayeuliza nani alilichonga. Limetoka kwa wafu, ndivyo walivyoambiwa wasiopita jandoni, na wafu hawana fundi. Ngoma zinalisukuma, linasimama ghafla, linazungusha kichwa polepole, watoto wanatimka. Mimi niliacha kutimka zamani. Siku hizi macho yangu yanamtafuta mtu ambaye hayupo uwanjani.

Wageni wanaokuja kwetu Madimba huja kwa ajili ya gesi. Mtambo wa kuichakata ulizinduliwa 2015, na bomba huipeleka hadi Dar es Salaam, ikawasha taa za watu wasioijua Madimba. Basi ukanda huu wa Ruvuma umezoea kufanya kazi bila kuonekana.

Wengi wakisikia Mmakonde anachonga, hufikiri mpingo. Lakini mpingo ungemvunja mchezaji shingo. Lipiko la ng'ambo ya Mto Ruvuma, upande wa Msumbiji, ni kichwa kizima kinachovaliwa kama kofia, wakati Wamakonde wa upande wetu wamezoea zaidi kinyago cha kufunika uso. Kwa kazi hiyo fundi hutafuta mti mwepesi, mara nyingi ule uitwao njala, jamaa wa msufi. Huukomba ndani kwa subira mpaka ukuta unabaki mwembamba. Akizidisha pigo moja, shavu limetoboka na siku kadhaa zimepotea. Halafu chale za usoni, nyingine kwa nta ya nyuki. Pambo la ndonya kwenye mdomo wa juu, ikiwa anachonga sura ya mwanamke. Na nywele za watu, nywele hasa, zinazobandikwa kwa nta hiyohiyo. Siri ya utengenezaji huu ilikuwa ya wanaume waliotoka jandoni. Leo imo vitabuni na nyuma ya vioo vya makumbusho, kwa hiyo simvunjii mtu mwiko.

Kinachonishangaza zaidi ni kinywa. Macho ya lipiko hayaoni kitu. Mchezaji huchungulia kupitia kinywani. Kwa sababu hiyo kichwa hukaa kimeinuka, uso ukitazama juu kidogo. Fundi anapochonga, uso umelala mapajani mwake, lakini yeye anauona ulivyoinuka, ukitikisika, vumbi likiwa limetanda, na wewe ukiwa umesimama hatua ishirini. Pua inayoonekana nene mno mkononi ni pua sawasawa uwanjani. Amekuchongea wewe, mahali utakaposimama, na hamjakutana.

Ufaransa ilikuwa na mtu wa akili hiyohiyo. Alexandre Trauner alizaliwa Budapest mwaka 1906, akawa mbunifu wa mandhari za filamu huko Paris. Katika The Apartment ya Marekani, iliyotoka 1960, alitakiwa atengeneze ofisi isiyo na mwisho. Alipanga meza zikipungua ukubwa kadiri zinavyokwenda nyuma, na huko nyuma wakakaa watu wafupi zaidi. Kamera ikaona bahari ya makarani. Kazi hiyo ilimpatia Oscar. Lakini mimi namkumbuka zaidi kwa Les Enfants du paradis, aliyoifanyia kazi akiwa mafichoni, kwa kuwa alikuwa Myahudi na Wajerumani walikuwa wameikalia Ufaransa. Filamu ilipotoka 1945, ilitajwa humo kwamba alishiriki kwa siri. Angalau aliandikwa.

Mwaka 1984 kinyago kimoja cha Kimakonde kiliibwa Makumbusho ya Taifa, Dar es Salaam. Mwaka uliofuata kikanunuliwa Paris na makumbusho ya Barbier-Mueller ya Geneva, na baada ya mazungumzo ya miaka mingi kikakabidhiwa Tanzania 2010. Habari zake zilimtaja mnunuzi, mji, na waliotia saini. Nilizisoma nikitafuta jina la mikono iliyoshika tezo. Halikuwamo.

Ngoma ikiisha, lipiko hurudi mafichoni likiwa limelowa jasho kwa ndani. Joto la huku kwetu hulainisha nta, na nywele za utosini huanza kuteleza. Kabla halijatoka tena, mtu hukaa nalo kivulini, akazishikiza kwa kidole gumba, unywele baada ya unywele, kisha akaliinua kidogo na kulitazama kwa mbali.